Anatakiwa Maiti Mwenye Heshima

Tangazo lilibandikwa kwenye lango la studio ya Strickler Jumatatu asubuhi, na ilipofika saa mbili kila mtu pale Edendale, mtaa wa studio za sinema, aliyekuwa akiishi kwa kubahatisha sehemu katika picha alikuwa ameshalisoma. Anatakiwa mzee wa kulala ndani ya jeneza. Awe na sura ya heshima na ndevu zake mwenyewe, si za gundi. Wanatakiwa pia wasichana wa kumlilia.

Thaddeus Pomfrey alilisoma mara mbili, kisha akarudi mbio nyumbani kwa Bibi Latimer, alikopanga chumba, kuosha ndevu zake kwa kiini cha yai. Mwenye nyumba alimkuta jikoni ameinamia beseni.

"Hilo yai ndilo kifungua kinywa chako," akamwambia. "Jingine hupati."

"Leo sili, mama. Naenda kutafuta kazi ya umaiti."

Bibi Latimer alimtazama kuanzia nywele hadi soksi. "Hiyo utaipata," akasema. "Kila asubuhi ukishuka ngazi huwa nadhani umeshaanza."

Pomfrey hakukasirika. Alikuwa na miaka sitini na tatu, na thelathini kati ya hiyo alikuwa ameimaliza majukwaani, kuanzia Chicago mpaka Denver, akifa kila jioni mbele ya watu. Kufa kwake kulichukua dakika kumi na mbili kamili, na maneno yake ya mwisho yalisikika hadi kwa wauza karanga waliosimama mlangoni. Sauti ile ndiyo iliyokuwa mali yake yote. Bahati mbaya alikuja Los Angeles nayo, mji wa picha bubu, ambako sauti ilikuwa na faida sawa na mwavuli kwa bata. Kwa miaka miwili alikuwa ameitwa kazini mara tatu. Mara ya kwanza alikimbia mafuriko nyuma ya mwanamke mnene, mara ya pili alikimbia moto nyuma ya farasi, na mara ya tatu hata yeye mwenyewe alipokwenda kuitazama picha hakujiona.

Lakini hii ya jeneza ilikuwa habari nyingine. Maiti hafichwi nyuma ya farasi. Maiti huwekwa katikati, taji za maua huku na huku, na kamera humsogelea mpaka uso wake ukajaza ukuta mzima. Na uso huo, Pomfrey alitaka uonekane na mtu mmoja tu, katika mji wa Peoria.

Mtu huyo ni Hester, binti yake wa pekee. Alimwacha ana miaka kumi na minne, akamwambia anakwenda na kikundi cha maigizo kwa msimu mmoja. Msimu huo ulichukua miaka kumi na tisa. Mwanzoni alikuwa akimpelekea matangazo ya maonyesho, jina lake limepigiwa mstari kwa kalamu nyekundu, akaona yanatosha kuwa barua. Mke wake alipofariki, habari zilimfikia baada ya miezi miwili, na baada ya hapo aibu ikamfunga mkono kabisa, hata matangazo akaacha kuyatuma. Ila mwaka uliopita binamu mmoja alimwandikia kwamba Hester ameolewa na muuza majiko, ana watoto wawili, na kila Jumamosi hakosi kwenda kutazama picha.

Tangu siku ile mzee akawa na mpango. Hester ataketi zake kwenye giza, na mara baba yake huyo hapo, mkubwa kuliko nyumba, amelala na mikono kifuani. Atalia. Akishalia atasamehe, na Pomfrey hatalazimika kusema neno hata moja. Ndivyo alivyokuwa mtu huyu: amekula kwa maneno maisha yake yote, na maneno mawili matatu yaliyomhusu mwenyewe yalimtia hofu kuliko njaa.

Jukwaa la studio lilikuwa sakafu ya mbao isiyo na paa, limefunikwa kwa vitambaa vyeupe vya kupunguza ukali wa jua. Picha tatu zilikuwa zikipigwa ubavu kwa ubavu. Kushoto nyumba ilikuwa inaungua na mtu anapiga msumari nyuma yake, kulia wanaume wanne wanamfukuza bata bukini, na katikati, kwenye sebule yenye kuta mbili tu, lilikuwa jeneza. Hakuna aliyemwambia mwenzake anyamaze, kwa sababu kamera haina masikio.

Mwongozaji, Otto Strickler, alikuwa mtu mfupi aliyegeuza kofia yake kisogoni, na alizungumza kwa tarumbeta ya bati ya kupazia sauti hata na mtu aliyesimama hatua moja mbele yake.

"Wazee," akasema kwa tarumbeta, "mko wangapi?"

Walikuwa watatu. Wa kwanza, mtu mwembamba aliyewahi kuwa mhubiri, alilala vizuri sana mpaka inzi alipotua puani mwake. Alijikaza kisabuni, akajikaza tena, kisha akapiga chafya iliyopeperusha maua. Strickler akamwonyesha lango.

Wa pili alikuwa Barnaby Skaggs, aliyefanya kazi ya uchekeshaji katika sarakasi mpaka magoti yakamkatalia. Aliingia jenezani, akajinyoosha, na kabla mpiga picha hajaanza kuzungusha mkono wa kamera tayari alikuwa anakoroma.

"Kukoroma si neno," Strickler akasema baada ya kufikiri. "Hakusikiki. Shida ni tumbo. Linapanda na kushuka kama unga uliotiwa hamira. Mwamsheni. Nani mwingine?"

Pomfrey alisogea mbele, akavua kofia, akainama kidogo. "Nina swali moja, bwana. Nimekufa kwa nini?"

"Kwa nini ya nini?"

"Sababu ya kifo. Sumu, kisu, moyo kuvunjika. Kila kimoja kina namna yake." Na kabla hajajibiwa alikuwa ameshashika kifua, ameyumba mpaka kwenye dirisha la kuchorwa, amerudi, ameanguka goti moja, na sauti yake ikanguruma hata wale wa bata bukini wakasimama kutazama.

Strickler alimwacha aendelee kwa dakika nzima, kisha akamsogezea tarumbeta sikioni, taratibu. "Mzee. Nimesema maiti. Sijasema kufa. Wewe umekufa tangu jana. Ingia ndani ulale."

Watu walicheka. Skaggs, aliyekaa pembeni akifunga viatu, ndiye aliyecheka kuliko wote. Pomfrey alijipangusa goti, akapanda jenezani, akafumba macho. Na hapo, kwa mara ya kwanza tangu afike mji ule, sauti yake ikamfaa. Si sauti yenyewe, ni mapafu. Mtu aliyezoea kutamka mistari kumi na minne kwa pumzi moja ana mapafu ya kuazimisha. Kamera ilinguruma kwa sekunde themanini, inzi yule yule akaja, akatembea kwenye nyusi, akapanda ndevu, akashuka, na Pomfrey hakutikisika. Bata bukini alitoroka, akaruka juu ya jeneza akipiga kelele, naye hakutikisika.

"Chukua jina la huyu," Strickler akasema. "Asitoke humo. Tunaleta wasichana, tuone nani anamlilia vizuri. Nikiridhika na msichana, nimeridhika na wote wawili, na picha tunaianza kesho."

Wakampaka uso rangi nyeupe, wakampanga maua, na akabaki amelala. Moyo ulimdunda kwa furaha mpaka akaogopa utaonekana chini ya koti.

Mtu aliyefumba macho kwenye picha bubu hugundua jambo ambalo watazamaji hawalijui kamwe. Waigizaji wanasema wapendavyo. Midomo lazima icheze, lakini kinachotoka ni shauri la mwenye mdomo. Msichana wa kwanza alipiga magoti kando ya jeneza, mpiga fidla akaanza wimbo wake wa huzuni, na yule binti akalia machozi mengi ya kweli huku akisema kwa kwikwi, "Viazi. Vitunguu. Siagi nusu. Sabuni. Ee Mungu wangu, sabuni ya kufulia na ya kuogea." Jina lake lilikuwa Dulcie Farnham, na Strickler alimsifu sana.

Wa pili alilia akiwatukana waliomshonea viatu. Wa tatu alijitupa kifuani kwa marehemu kwa nguvu, na alipotaka kuinuka mkufu wake ukawa umenasa kwenye kifungo cha koti.

"Babu," alinong'ona huku mabega yakimtikisika kwa kilio, "usicheke, nakuomba. Mkufu umenasa. Nikivuta utakatika, si wangu, ni wa dada."

Pomfrey aliuma ulimi. Wa nne aliegemea kwa uchungu mno, na jeneza likateleza upande mmoja kwenye meza mpaka miguu ya marehemu ikawa juu ya kichwa chake. Alishuka nalo hivyo hivyo, mikono kifuani, uso umetulia. Mafundi waliomnyanyua walimpigia makofi, na ukweli ni kwamba hakuwahi kuona fahari namna ile hata siku zake za Denver.

Saa sita walimletea mkate na nyama baridi akala humo humo jenezani, akifungua mdomo kidogo ili rangi isipasuke. Dulcie Farnham alipita akamwambia, "Naona ni mimi na wewe, babu. Bosi ameniambia nisiende mbali. Unapenda nitaje nini kesho? Naweza kutaja matunda."

"Taja chochote, binti," alijibu Pomfrey. "Mimi nimeshakufa."

Baada ya chakula akabaki msichana mmoja. Pomfrey hakumwona akija, maana alikuwa ameshafumba macho. Alisikia hatua, kisha sauti ya chini, yenye lafudhi ya mashambani, ikimwomba mpiga fidla apumzike kidogo.

"Bila muziki hutalia," Strickler alisema.

"Nitajaribu bila muziki, bwana."

"Jina?"

"Minna Overby."

Kamera ikaanza kuzunguka. Msichana hakupiga kelele, wala hakujitupa. Alisogeza kiti. Ndiyo, alikivuta kiti kama mtu aliyekuja kumjulia hali mgonjwa, akaketi. Halafu akaanza kuzungumza.

"Baba. Mlango wa nyuma tuliuacha bila komeo. Mama alitaka kuufunga, nikamkatalia. Nilimwambia baba atakuja usiku, atakuwa amechoka, hatapenda kugonga."

Pomfrey alihesabu pumzi. Alijiambia ni viazi na vitunguu.

"Sikutaka uombe msamaha. Ningekugombeza kidogo, basi, halafu ningekupakulia chakula. Nilitaka mstari mmoja tu, baba. Ujue kuandika vile, halafu ukose mstari mmoja. Nilikuwa sijui kama unakula."

Kama kuna misuli ya kuzuia chozi, Pomfrey hakuwahi kufundishwa. Lilitoka kwenye jicho la kulia, likapita katika rangi nyeupe, likachora njia mpaka sikioni, na mbele ya kamera na mafundi wote, maiti akameza mate.

"Simamisha," Strickler akasema. Hakutumia tarumbeta. "Marehemu analia."

Mafundi walivunjika mbavu. Minna Overby hakucheka. Strickler alisogea, akamtazama msichana, akamtazama mzee, akakuna kisogo chini ya kofia. "Miaka tisa nafanya kazi hii," akasema. "Nimeona vilio vya kila aina. Sijawahi kuona mtu akimliza maiti. Mzee, jifute. Tunarudia. Safari hii tulia."

"Nitatulia, bwana. Ni jua lilinipiga jichoni."

Walimpaka rangi upya, wakarudia. Safari hii alijizatiti. Alifikiria barafu, alifikiria mabehewa ya treni, alifikiria ankara za hoteli. Msichana alipofika tu kwenye komeo la mlango, macho yote mawili ya mzee yakafurika.

"Binti," Strickler akasema, "hebu taja kitu kingine. Taja viazi."

Minna alijaribu. Alitaja viazi, akataja karoti, midomo ikacheza vizuri, lakini macho yake yalibaki makavu na uso ukawa wa mtu aliye sokoni. Strickler akatupa tarumbeta kwenye kiti.

"Basi hesabu ni hii. Nikimchukua Minna, siwezi kukuchukua wewe, mzee. Atakaa hapo siku tatu akisema maneno yake, na wewe utalia siku tatu. Nikikuchukua wewe, namchukua Dulcie na viazi vyake, na picha itakuwa nzuri, si vibaya. Ndevu zako zinanisumbua roho, nakwambia kweli, sijapata zinazofanana nazo. Ngoja nifikiri."

Akaanza kutembea huku na huku. Pomfrey alikuwa ameketi jenezani, maua mapajani. Ilikuwa kazi yake. Angenyamaza tu angeipata, na kunyamaza ndiko kulikokuwa kumemleta mpaka pale. Strickler alikuwa ameshaanza kumtafuta Dulcie kwa macho. Pomfrey alimtazama pia Minna vizuri kwa mara ya kwanza. Alikuwa na umri wa miaka ishirini hivi, amevaa gauni la mtu mwingine lililokunjwa mikono, na hakuwa akimwomba mtu yeyote chochote. Alisimama akishika mgongo wa kile kiti, akingoja kuambiwa aende.

Mzee akatoa mguu mmoja nje ya jeneza, kisha wa pili.

"Mchukue huyu," akasema. "Na maneno yake mwachie."

"Una hakika? Kesho huwezi kurudi ukalia hapa."

"Kulia nimeshalia. Mwite Skaggs."

"Na tumbo?"

"Mfungeni mkanda," alisema Pomfrey, "chini ya koti. Zamani ndivyo tulivyofanya kwa wafalme."

Kwenye bomba nyuma ya jukwaa alikuwa akijiondoa rangi kwa mafuta ya mgando aliposikia hatua alizozijua tayari. Minna alimpa kitambaa kikavu.

"Nisamehe, mzee," akasema. "Sikujua kama nakuharibia."

"Hujaniharibia. Una kipaji, binti. Maneno yale uliyatunga asubuhi hii?"

Msichana alitikisa kichwa. "Sikuyatunga. Nilimwambia baba, kule Dakota, walipomleta nyumbani. Alikuwa amekwenda migodini miaka saba. Nilikaa hivyo hivyo kwenye kiti nikamwambia yote, na kesho yake tukamzika." Alikunja mkono wa gauni, akaukunjua. "Wewe umelia. Yeye nilimwambia yote na hakusikia hata moja."

Pomfrey alijifuta uso. Mtu huyu, aliyekuwa na maneno ya mwisho ya watu mia mbili kichwani, alitafuta la kwake akalikosa, akainama tu kama jukwaani, akachukua kofia yake.

Hakupanda tramu. Alikwenda kwa miguu mpaka kwa Bibi Latimer, upande mmoja wa ndevu zake bado mweupe kuliko mwingine kwa ile rangi, akaomba kalamu na karatasi, akaketi kwenye meza ya kulia chakula kabla haijaandaliwa.

"Umeipata?" mwenye nyumba akauliza.

"Niliipata. Nikaiacha."

"Hata umaiti umekushinda," Bibi Latimer akasema, lakini alipomwona amechovya kalamu mara tatu bila kuandika aliweka yai la kuchemsha karibu yake, akaenda zake jikoni.

Barua ya kwanza ilikuwa ya kurasa tano. Ilianza na dhoruba na kwenda kwenye hatima ya binadamu, na Pomfrey alipoisoma kwa sauti ilikuwa nzuri mno. Aliichana. Ya pili ilikuwa ya kurasa mbili, akieleza kwa nini msimu mmoja ulizidi kuwa mrefu, na kila sababu ilikuwa na mashiko, ila zote zilikuwa upande wake. Nayo akaichana. Alifikiria kumwambia asubiri picha nyingine, kwamba siku moja atamwona. Kalamu ilimkaukia mkononi. Huko Peoria Hester alikuwa na umri wa miaka thelathini na mitatu, na Jumamosi baada ya Jumamosi alikuwa ametazama nyuso za wazee wasiomhusu.

Bibi Latimer aliporudi na sahani, bahasha ilikuwa imeshafungwa na mzee alikuwa anakula yai lake. Ndani ya bahasha hiyo hamkuwa na tangazo lolote lenye mstari mwekundu. Mlikuwa na karatasi moja, na juu yake mistari michache, kwa mwandiko wa mtu anayeogopa:

"Hester mwanangu. Ni mimi, baba yako. Mimi ni mzima, na ninakula. Ukitaka kunigombeza, anwani yangu iko hapo juu, nami nitasoma kila neno."